Kalenda Yangu na Ukungu wa Juni

Nilisoma jiografia chuo kikuu miaka minne, kisha nikarudi kwetu, nje kidogo ya Siakago, kufuga nyuki. Watu husema elimu yangu ilipotea. Haikupotea. Ilikaa tu ndani yangu bila kazi, kama redio isiyo na betri, mpaka nilipoamua kuitengenezea dunia kalenda mpya.

Nilikuwa na miaka hamsini na mbili. Katika umri huo mwanamume wa kwetu hugombea uenyekiti wa mradi wa maji, au huokoka. Mimi nilianza kuamka alfajiri kutafuta Kilimia, kile kishada cha nyota ambacho wazee wa zamani walikitazama ili wajue majira ya kulima. Hupotea mwisho wa Aprili, kikarudi Juni juu ya mlima Kiang'ombe, muda mfupi kabla ya jua. Nikatunga sheria: mwaka uanze asubuhi Kilimia kinapoonekana tena. Miezi kumi na mitatu ya siku ishirini na nane, na siku moja ya ziada ya kungoja. Miezi nikaipa majina: Kilimia, Migunga, Asali, Upepo na mengineyo. Kila siku niliiandikia pembeni tarehe ya kawaida, kwa herufi ndogo za dharau. Nikaipeleka Embu mjini, zikachapwa nakala hamsini. Mke wangu, Ednah, alifunikia nazo ndoo za asali. Ni moja tu iliyotoka nyumbani ikiwa safi.

Hiyo ilikwenda Nkubu. Binti yetu Wawira, muuguzi huko Meru, alikuwa amempata kijana aitwaye Riungu. Baba yake Riungu, Mzee Mbae, akatuma barua mwezi wa tano akiuliza ni lini wazee wake wanaweza kuja kwa mara ya kwanza, tujuane. Nikamjibu: "Karibuni tarehe 21 ya Migunga," nikatia na kalenda ndani ya bahasha.

"Si ungeandika tu Julai?" Ednah aliuliza.

"Mkwe wa kweli ataelewa," nikasema.

Kisha ukaja ukungu. Kwenye karatasi, mwaka ulikuwa uanze tarehe nane Juni. Asubuhi hiyo Kiang'ombe haikuonekana hata kidogo. Kesho yake vilevile. Siku saba nilisimama kando ya mizinga nikiwa nimevaa sweta ya mke wangu, nikitetemeka, nikingoja mwaka. Mtu mwenye akili kidogo angesema nyota zipo, zimefichwa tu. Lakini sheria ni sheria, na aliyeitunga ni mimi. Kilimia kilipojitokeza tarehe kumi na tano, niliusogeza mwaka wote wiki moja mbele, nikarekebisha nakala yangu kwa kalamu nyekundu, nikamwambia Ednah wageni watakuja tarehe mbili Agosti. Nilijiona mtu mwaminifu mno. Haikunijia kamwe kwamba kule Nkubu kulikuwa na nakala ambayo kalamu yangu haikuifikia.

Jumamosi ya tarehe ishirini na sita Julai nilikuwa nikikarabati mzinga, jicho moja limefungwa na nyuki, ovaroli imepasuka makalioni. Wazee wanne waliovaa suti wakaingia langoni, mmoja amebeba kibuyu cha uji.

"Mwenye boma yuko?" akauliza mmoja wao.

Nusura niseme ametoka. "Ni mimi."

"Ati huyu?" Huyo alikuwa Mwongera, mdogo wake Mbae.

Ednah akatokea shambani na jembe, magoti yamejaa udongo. Aliwatazama, akanitazama. "Baba Wawira," akasema kwa ile sauti ya chini niliyoiogopa miaka thelathini, "leo ni tarehe ngapi?"

Hapakuwa na viti nje. Hapakuwa na mbuzi, wala mzee hata mmoja wa upande wetu. Wazee waliokuja kuomba msichana wakikuta boma kama hilo, wamekwisha kujibiwa.

"Hatutakiwi hapa," Mwongera akasema. "Twendeni."

Wakageuka. Mambo ya Wawira, aliyekuwa akipiga simu kila jioni kuuliza kama mapazia yamefuliwa, yalikuwa yakitoka langoni na kile kibuyu. Nilikuwa na njia rahisi: niseme wamesoma vibaya. Nani angebisha, kwa kalenda ambayo hakuna anayeijua?

Ndipo Mbae mwenyewe, aliyekuwa nyuma yao, akatoa karatasi mfukoni. Ilikuwa kalenda yangu. Kila siku ilikuwa na alama ya penseli, tangu mwanzo wa mwaka hadi asubuhi ile. Kwenye siku saba za kwanza alikuwa ameandika neno lilelile: ukungu.

"Nimeifuata," akasema polepole. "Nilifikiri ndiyo desturi ya kwenu."

Dunia nzima, mtu mmoja tu alikuwa ameifuata kalenda yangu, na hakuwa mimi.

"Kosa ni langu, mzee," nikasema. "Niliusogeza mwaka wiki moja, sikuwaambia. Kwangu leo ni tarehe kumi na nne ya Migunga."

"Ulisogeza mwaka?" Mwongera akauliza. "Mwaka mzima? Kwa mkono gani?"

"Choo nimemwomba asogeze tangu Wawira akiwa nasari," Ednah akasema. "Hicho ndicho kimemshinda."

Mwongera alijaribu kubaki amekasirika, akashindwa. Mbae hakucheka. Alikunja karatasi yake. "Na kwa Wawira leo ni siku gani?"

"Jumamosi."

"Basi tukae Jumamosi."

Walikaa juu ya mizinga mitupu, wakala githeri ya jana na asali, wakamuomba binti yetu. Siku ya harusi Wawira aliichagua mwenyewe kwenye simu yake, akanikataza kuigusa kadi.

Juni hii ukungu umerudi. Asubuhi ya tatu, nikiwa nimesimama mizingani, simu ililia.

"Umekiona?" Mbae aliuliza.

"Bado."

"Hata huku bado." Nikasikia jogoo wake akiwika. "Sasa wewe usisogeze kitu mpaka nikupigie."