Fundi Vumbi na Jiko Lililosafishwa

Kazini walimwita Fundi Vumbi, na jina likamkaa. Alianza kwa kuchora mabango ya vinyozi, watu wa filamu wakamchukua awashikie ndoo za rangi. Miaka nenda miaka rudi alishika ndoo za wenzake. Sasa, kwa mara ya kwanza, nyumba nzima ya filamu ilikuwa mikononi mwake: aichore, aijenge kwa plaiwudi ndani ya ghala, kisha aizeeshe mpaka mtu aape kuna watu wamezaliwa humo na kufia humo.

Mdogo wake hakuielewa kazi hiyo hata chembe. Huyu ni mwanamke asiyeweza kupita penye tone la mafuta akalisamehe. "Dada yangu ameajiriwa kuchafua," aliwaambia majirani. "Mimi ninao watatu nyumbani, wanachafua bure."

Siku ya kupiga picha za jikoni alifika mapema na chupa ya chai. Ghalani kimya. Akaliona jiko: masizi juu ya meko, alama za vidole vyenye mafuta kuzunguka swichi. Roho ikamuuma. Wageni waje na kamera zao waone aibu hii? Akakunja mikono ya gauni, akatafuta sabuni.

Fundi Vumbi alipoingia, kuta zilikuwa zinameremeta.

"Umefanya nini, mdogo wangu?"

"Nimekusitiri, dada."

Fundi Vumbi akaketi sakafuni, puu. Kazi ya siku chungu nzima ilikuwa ndani ya ndoo ya maji machafu. Mwigizaji mkongwe, bibi anayecheza kama mama wa nyumba, alikuwa anasafiri jioni ile ile. Jiko lisipokuwa tayari akifika, yeye Fundi Vumbi angerudishwa kushika ndoo, na safari hii moja kwa moja.

"Nigombeze basi," mdogo mtu akasema, machozi yakimlenga.

"Sina nafasi. Lete hiyo chai."

Mdogo mtu akadhani dada anataka kunywa. Kumbe! Chai ikamiminwa kwenye rangi ya kahawia, ikapigwa ukutani kwa sponji, ikafutwa nusu, ikapigwa tena.

"Mama wa humu ana goti bovu," Fundi Vumbi akasema. "Akiinuka kwenye kigoda anajishika wapi?"

Mdogo mtu akaonyesha. Dada akapaka kiganja mafuta, akakibandika hapo, tena na tena, hadi pakatokea weusi wa mkono wa miaka mingi. Chini ya swichi akakwaruza mikwaruzo ya mtoto asiyeifikia. Kila doa lilikuwa na mwenyewe. Mdogo mtu akaisukuma ndoo yake pembeni, mbali na ukuta. Maisha yake yote amekuwa akifuta watu ukutani, asijue kama ni watu.

Mwongozaji wa filamu akaja, akatazama, akauliza tu kamera ikae wapi. Mwigizaji mkongwe akaingia jikoni, akainama kwenye meko.

"Ndoo yako imebaki ndani," Fundi Vumbi akanong'ona. "Kaitoe haraka."

Mdogo mtu akaufikia mlango ule wa plaiwudi, uliosimamishwa kwa mbao na mifuko ya mchanga. Akasita. Akavua viatu.

"Hodi," akasema.

"Karibu, mwanangu," bibi akajibu bila kugeuka. "Pita tu."