Kiti cha Nyuma, Upande wa Kushoto

Kabla hajawa mkwe wangu, baba mkwe wangu alikuwa na msimamo mmoja kuhusu watumishi wa serikali: hawaaminiki. Tunaletwa Kigoma na barua ya ajira, tunakaa miaka michache tukilalamikia umeme na barabara, halafu uhamisho unatoka, na tukiondoka tunaondoka na binti wa watu, au mbaya zaidi tunamwacha na mtoto mgongoni. Alikuwa mkulima wa Busunzu, mzee wa kanisa, mwenye kahawa na migomba, na mambo hayo alikuwa ameyaona kwa majirani zake. Binti yake alikuwa muuguzi Kasulu. Mimi nilikuwa mwalimu wa chuo hapohapo Kasulu, mtu wa kuja kutoka Tanga. Mwaka 2013 tulikuwa tumekwisha kupendana vya kutosha, na mzee aliposikia habari zangu aliuliza swali moja tu: huyo mwalimu anatembea na nini? Binti akajibu kweli, kwamba anapanda bodaboda. Mzee akasema mtu wa bodaboda anaweza kuondoka asubuhi yoyote na asijulikane ameelekea wapi.

Nilimpenda yule binti kiasi cha kukosa akili, na ushahidi ni kwamba swali la mzee nililipeleka kwenye ofisi ya walimu. Ofisi ile ilikuwa na mabingwa wa magari wasio na gari. Mmoja alinishauri pikapu, ili siku nikihamishwa nipakie vitanda, jambo ambalo ndilo hasa mzee alikuwa analiogopa. Mwingine, ambaye chombo pekee nilichowahi kumwona akikiendesha ni baiskeli ya mkewe, alizungumza kwa kirefu juu ya unywaji wa mafuta. Kesi iliamuliwa na mwalimu wetu mwandamizi wa Kiswahili, mzee wa Pwani mwenye mvi za heshima na suti ya rangi ya majivu. Alisema mtu anayekwenda kuomba mke hatafuti gari la kumfikisha, anatafuta gari la kumtangulia. Nilione la bosi mstaafu.

Bosi mstaafu alikuwa afisa mmoja aliyekuwa anafunga mizigo kurudi kwao. Gari lake lilijulikana mji mzima: saluni ndefu nyeusi ya Kijapani, ya zamani, ile waliyotengenezewa wakurugenzi wa huko kwao. Viti vilikuwa vya mahameli ya rangi ya damu ya mzee, vimevalishwa vitambaa vyeupe vya kufuma. Madirisha ya nyuma yalikuwa na mapazia. Ukiwasha, mwanamke asiyeonekana alikusemesha Kijapani kwa adabu kubwa. Hakuna aliyejua anasema nini, ila mama mmoja niliyempa lifti alijibu "amina". Redio ilitengenezwa kwa masafa ya kwao, kwa hiyo Kasulu ilivuma tu. Na vitu vyote vizuri vilikuwa nyuma. Sehemu ya kuwekea mkono ilikuwa nyuma, kisahani cha majivu cha kung'aa kilikuwa nyuma, na kulikuwa na kitufe ambacho aliyekaa nyuma akikibonyeza, kiti cha abiria wa mbele kinasogea ili bosi anyooshe miguu. Mbele kulikuwa na usukani na gia iliyopenda kuchomoka kwenye mteremko, mpaka uishikilie kwa goti. Nililipata kwa bei ya kutupa, na nikajiona nimepatia.

Siku ya kwanza tu nilipokatiza sokoni nalo niliona watu wakisimama. Wenye baiskeli walishuka. Askari wa barabarani alikakamaa na kupiga saluti, na mimi nikamrudishia. Ilinichukua muda kugundua kwamba saluti ile haikuwa yangu. Wote walikuwa wanatazama dirisha la nyuma, upande wa kushoto, palipokuwa na pazia, alipozoea kukaa mstaafu. Kwenye kituo cha mafuta kijana mmoja aliniambia nimsalimie mheshimiwa. Nilimwambia hakuna mheshimiwa, gari ni langu. Akacheka kwa huruma, akaniambia kazi ya udereva na yenyewe ni kazi, nisione aibu.

Nilipomweleza mwalimu mwandamizi alisema wivu. Yeye alikuwa amekwisha kujiteua kuwa mshenga wangu na hakuwa na muda wa mambo madogo. Kila jioni alinifundisha taratibu za ukweni, na ya kwanza na ya mwisho ilikuwa hii: mchumba hasemi. Msemaji ni mshenga. Mchumba anakaa anapokalishwa, anakula anachopewa, na akifumbua mdomo kabla hajaitwa, basi amekosa mke. Nilimuuliza kama hata Waha wa huku wana utaratibu huo. Alinijibu kwamba adabu ni adabu. Hakuwa Mha, mimi sikuwa Mha, na mchumba wangu alikuwa ametangulia nyumbani kwao, ndani ya chumba na shangazi zake, asionekane mpaka atakapoitwa. Kwa hiyo hakukuwa na wa kumuuliza.

Tuliondoka Kasulu asubuhi, ardhi ikiwa bado imelowa mvua ya jana yake. Mshenga alifungua mlango wa nyuma wa kushoto na kuketi. Alisema mbele panamtia kizunguzungu. Nilimtazama kwenye kioo, suti ya majivu juu ya mahameli, mvi zake katikati ya kitambaa cheupe, na kwa kweli nilifarijika kwamba hatimaye kiti kile kimepata mtu wake. Alipitisha nusu saa akibonyeza kile kitufe na kukipeleka kiti cha mbele huko na huko.

Mbele ya Nyakitonto tukazama. Magari ya wakurugenzi wa Japani yametengenezwa kwa barabara za Japani. Tumbo liko chini kama la mbuzi mwenye mimba, na matope yetu mekundu hayana heshima na cheo. Wakulima waliokuwa wanatoka shambani waliweka majembe chini wakaja kusukuma, kama wanavyofanya kwa kila mtu. Nilivua viatu, nikakunja suruali, nikaingia nao. Mshenga alishusha kioo kidogo, akasema angeshuka kwa moyo mmoja, lakini mshenga hawezi kufika ukweni na matope, ni kisirani. Akapandisha kioo. Mzee mmoja aliyekuwa ananirushia matope begani kwa kusukuma aliniuliza huyo ni nani. Nilikuwa sina pumzi ya kueleza.

Tulifika Busunzu mimi nikiwa mwekundu kuanzia mapajani kushuka, peku, viatu viko kwenye buti la gari. Watu walikuwa wamejipanga uani. Kabla sijazima gari, mjomba mmoja alikuwa amekwisha kufungua mlango wa nyuma wa kushoto. Mshenga akashuka, hana hata doa. Akina mama wakachuchumaa na kupiga makofi ya salamu, naye akawainulia mkono kama mtu anayefungua mkutano. Walimwingiza sebuleni kwenye kiti chenye kitambaa. Shangazi mmoja, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuamuru, akaniangalia miguu na kuniambia maji yako huku, nyuma, jikoni.

Nilimtazama mshenga. Aliweka kidole mdomoni.

Nikaenda. Nilidhani ndiyo mila yao, kwamba mchumba anawekwa jikoni kwanza. Mshenga, alikuja kuniambia baadaye, alidhani hivyohivyo, na akaona ni mila nzuri. Wao walidhani dereva amekwenda kupumzika. Watu wote wa siku ile walikuwa wanaheshimu taratibu za wenzao, na hakuna aliyeuliza.

Nikapewa benchi, ugali wa muhogo na samaki mkavu, chakula kitamu kabisa. Nikapewa pia kazi. Shangazi aliniita dereva, nikaona ni utani wa ukweni, akanitaka nishushe sufuria la ndizi motoni. Nikashusha. Halafu nikapasua kuni kidogo, nikabeba mtungi wa pombe ya ndizi kutoka kwa jirani, nikamshika mtoto wa mtu aliyekuwa analia. Niliyafanya yote bila kusema neno, kwa kuwa mchumba hasemi, na niliona akina mama wananipenda, nikajipongeza moyoni kwamba mtihani naupita.

Kupitia dirishani nilikuwa namsikia mshenga. Alikuwa amefika mahali pake pa kujivunia. Tumepita hapa, alisema, tumeona ua linachanua katika bustani yenu, nasi nyumbani kwetu ni kukavu, hakuna harufu. Tumeshindwa kulala. Ilikuwa lugha tamu ya Pwani, na hakuna mahali alipotaja ni nani hasa asiyelala. Mjomba alikuwa anamtafsiria bibi wa nyumba ile kwa Kiha, kipande kwa kipande. Ilipofika kwenye kushindwa kulala, bibi aliuliza kitu ambacho mjomba hakukirudisha kwa Kiswahili.

Muda mfupi baadaye mzee mwenyewe akatoka kwa mlango wa nyuma. Alikuwa mtu mrefu, mkavu, amevaa koti la kanisani. Alikaa kwenye benchi karibu nami, akatazama kuni nilizopasua, akatazama miguu yangu. Huko kwao, nilijua baadaye, mtu akitaka kumjua bosi hamuulizi bosi.

"Mwanangu," akasema, "huyu mkubwa wako, ana mke?"

Mzee kuniuliza niliona ndiko kuitwa kwenyewe, kwa hiyo nikafumbua mdomo. Nilisema anaye.

"Na watoto?"

Nilisema wakubwa tu, na wajukuu pia. Niliona ni sifa nzuri kwa mshenga, kuwa mtu wa familia. Mzee akaweka mikono kichwani.

"Ego," akasema taratibu, ndiyo yao ile ya Kiha. "Na anakuja kumtaka mwanangu. Mwaka mzima huyu mtoto ananililia, baba, mwalimu wa chuo, mwalimu wa chuo. Kumbe ni babu."

Hapo ndipo mambo yote yaliponijia kwa pamoja: pazia, saluti, makofi, jikoni. Nilihisi joto la aibu likipanda kutoka kwenye matope hadi masikioni. Na chini ya aibu kulikuwa na hofu tupu, kwa sababu niliona wazi kwamba muda si mrefu mzee huyu atarudi ndani, atasema hapana, na mimi nitalazimika kumwendesha mshenga wangu hadi Kasulu bila mke.

"Baba," nikasema, "mwalimu ni mimi."

Aligeuka akanitazama vizuri, uso, mikono, mtoto wa mtu aliyekuwa amelala begani mwangu.

"Gari la nani?"

"Langu."

"Sasa kwa nini kiti chako umempa mtu mwingine?"

Nilimwambia sina namna. Nikikaa nyuma, gari haliendi. Nilimwambia na mengine, haraka haraka, kwamba nilisikia hataki mtu wa bodaboda, kwamba gari lile nililinunua kwa ajili yake, kwamba hata redio yake haisemi. Mzee alisikiliza mpaka mwisho. Halafu akasema alipoliona gari lile likipinda njia ya kwake, roho yake ilikataa. Mtu wa gari kama lile, alisema, mke wake atakuwa wa kumfungulia geti. Akasimama, akajipangusa koti, akaingia ndani bila kuniambia nimfuate.

Nilisimama dirishani na mtoto begani. Shangazi naye akasimama, mwiko mkononi. Mzee hakuketi.

"Mheshimiwa," akamwambia mshenga, "tumekusikia. Maneno yako ni mazuri sana. Wewe hatukupi." Akasubiri mjomba amtafsirie bibi. "Binti nimempa dereva."

Tangu nimfahamu, hiyo ndiyo mara pekee niliyomwona mwalimu mwandamizi wa Kiswahili akikosa neno. Kutoka chumba cha ndani, kulikokuwa na shangazi wengine na mchumba wangu, nilisikia mtu mmoja akicheka, na kicheko kile nilikuwa nakijua. Nikalia, jikoni, mbele ya sufuria la ndizi.

Harusi ilifungwa Busunzu kiangazi kilichofuata. Bwana harusi alipaswa kukaa nyuma na mkewe, nami nilikuwa nimeisubiri siku hiyo kwa hamu kubwa kuliko nilivyokiri kwa mtu. Lakini dereva tuliyemkodi aliendesha mpaka mteremko wa kwanza, gia ikachomoka, akashuka na kusema kazi hii hapana. Goti la kuishikilia ile gia nilikuwa nalo mimi peke yangu. Nikavua koti la harusi, nikaliweka kwenye kiti cha mbele, nikashika usukani. Nyuma wakabaki bibi harusi na yule shangazi wa mwiko, katikati ya maua na vitambaa vyeupe. Njia nzima watu walikuwa wanasimama na kupungia dirisha la nyuma, na hakuna hata mmoja aliyenitazama mimi.

Tulipopita Nyakitonto, mke wangu aliniambia nisimame. Nilidhani anajisikia vibaya. Alishuka, akakusanya gauni lote mkononi, akazunguka katika vumbi jekundu, akafungua mlango wa mbele.

"Toa koti," akasema. "Mimi nimeolewa na dereva."

Nikatoa koti. Nyuma, shangazi alisogea upande wa kushoto, akabonyeza kitufe, akanyoosha miguu, na watu waliokuwa wanapunga aliwapungia yeye mpaka Kasulu.