Kiapo Juu ya Kiti cha Daktari Kizza

Nakumbuka asubuhi ile, mwanangu, wanajeshi wakiwa bado wanatutawala, nilipopanda ngazi za mahakama hapa Kampala kukishtaki chuo kikuu nilichokuwa nikifundisha. Usicheke. Nilikuwa kijana, na hasira zilikuwa zimenijaa. Nafasi ya mhadhiri mwandamizi ilikuwa moja tu katika idara yetu, wakampa mtu aliyenikuta kazini, hana hata shahada kama yangu, ila shemeji yake alikuwa meja. Haki ilikuwa yangu. Hilo silikanushi hata leo.

Mwenye nafasi ile kabla yetu alikuwa Daktari Kizza. Alitoka ofisini mchana kwenda kula, akaingizwa kwenye gari lisilo na namba, na hakuonekana tena. Koti lake likabaki kwenye kiti. Chuo kikasema ameacha kazi kwa hiari yake. Sote tulijua, na sote tulinyamaza.

Wakili wangu, ambaye ofisi yake ilikuwa Old Kampala juu ya duka la Mhindi lililofungwa, alinitaka niape mbele ya jaji kwamba kiti kile kiko wazi, mwenyewe amekiacha. Bila kiapo hicho hatuna kesi, alisema, maana nafasi yenye mwenyewe haigombaniwi.

Sasa, mahakamani mtu asipoonekana, karani husimama mlangoni akaliita jina lake mara tatu. Jaji alitaka kumsikia Kizza mwenyewe. Karani akatoka, akaita. Mashine za kuchapa kule korido zikaacha kulia. Akaita tena. Mara ya tatu karibu anong'one, na hapo mtu akaitika.

"Huyo amesafiri."

Alikuwa kijana wa miwani myeusi, benchi la nyuma, viatu vinang'aa, anatabasamu kwa adabu. Hakuna aliyemuuliza yeye ni nani; watu wa usalama tuliwajua kwa miwani ile. Jaji aliinamia mafaili yake. Yule kijana akanigeukia: "Na wewe, mwalimu, bado unakaa kule Nakawa?" Banange, jamani! Sikuwa nimemwona maishani mwangu. 

Jaji akatupa mapumziko. Nje, mama yake Kizza, bibi kizee mwenye Kiswahili cha kuuzia nguo sokoni Owino, akanishika mkono.

"Mwalimu, weye ukiapa kiti iko wazi, mimi natafuta nani?"

"Mama, nadai haki yangu tu."

"Dai. Lakini mtoto yangu usimzike weye."

Nikarudi ndani, nikakataa kuapa. Wakili alinitazama kana kwamba nimerukwa na akili, na kesi ikafa pale pale. Mshindani wangu alikaa na cheo kile miaka, lakini nakwambia, hakukikalia kile kiti hata siku moja. Alivuta cha wageni akafanyia kazi pembeni ya meza, na lile koti hakuna aliyeligusa. Mimi nilistaafu mhadhiri wa kawaida. Iliniuma, na bado inaniuma. Yule mama alimtafuta mwanawe mpaka alipofariki, na hakuna mahakama iliyomwambia aache.

Leo umenyimwa cheo na wewe, unataka kwenda kwa jaji. Nenda, mwanangu, wala usiwaogope. Ila kabla hujaapa, uliza aliyekuwa hapo alitokaje, na usitamke neno litakalowafungia wenzako mlango. Cheo kinachotaka kiapo cha namna hiyo, waachie. Mungu akupe kilicho chako kikiwa safi, na kila jioni akurudishe nyumbani ukiwa mzima, wanao wakukimbilie.