Jibu la Nyuma ya Bega

Pale Wirrabel, mji wetu mdogo wa wafuga kondoo, ukitaka kuchekwa, sema Merv Noske aliwahi kuogopa kitu. Ujana wake wote aliucheza ule mpira wetu wa umbo la yai, na sifa yake ilikuwa moja. Mpira ukipigwa juu, aliukimbilia kinyumenyume, macho angani, hata kama majitu matatu yanamjia kwa nyuma. Yalimgonga, akaanguka, akainuka na mpira kifuani, na waliokaa ndani ya magari kuzunguka uwanja walipiga honi mpaka kondoo wa jirani wakatawanyika. Alizimia mara ngapi? Nani alihesabu! Siku hizo ulimwagiwa maji, ukasukumwa uwanjani tena.

Magoti yalipogoma akawa kocha, akafundisha alichokijua. "Macho kwenye mpira," aliwaambia. "Anayekuja nyuma yako si kazi yako."

Tena alifundisha na jingine, lisilotajwa hadharani. Mkewe Glenys ndiye mhudumu wa majeruhi wa klabu, na mtu akigongwa kichwa humketisha na kumuuliza maswali mepesi: tuko uwanja gani, nani kafunga mwisho, wiki jana tulicheza na nani. Akikosa, harudi mchezoni. Basi wenzake husimama nyuma ya bega la Glenys, wakimtajia jibu kwa midomo, bila sauti. Huo ndio undugu, walisema. Na Glenys, maskini, miaka yote alishangaa tu jinsi vijana wa Wirrabel walivyo na vichwa vigumu.

Hofu ilimwingia Merv mwaka huu, mechi ikiwa imepamba moto. Alimwambia jamaa anayekimbia na maagizo yake uwanjani, "Nenda kamwambie Wally ahamie pembeni." Wally, mchezaji mwenzake wa ujanani, walikwisha kumzika zamani, na Merv mwenyewe alibeba jeneza. Jamaa alicheka, akidhani mzee anatania. Merv naye akacheka, kama kweli alikuwa akitania.

Tangu hapo hakuwa na amani. Kila asubuhi alijifungia chooni akikariri majina ya wachezaji wake kwa kunong'ona. Glenys akimuuliza chochote mezani, hata kama chumvi imekwisha, moyo ulimlipuka. Alijua wakigundua watamvua ukocha, na bila ukocha hakujua yeye ni nani. Mficha maradhi kilio humfichua, lakini kila mfichaji hudhani chake hakitasikika.

Ikaja nusu fainali. Brodie Petschel, mume wa binti yake, mtoto wao wa kwanza yuko njiani, aliuona mpira ukipaa, akaanza kurudi kinyumenyume. Merv alimwona anayekuja. Zamani angesimama kupiga makofi. Siku hiyo alijisikia akisema, "Geuka, mwanangu. Geuka." Brodie hakugeuka. Angegeukaje, naye kafundishwa na nani? Mlio wa vichwa vikigongana ulifika mpaka kwenye benchi.

Walimwingiza chumba cha kubadilishia nguo, wakabaki watatu tu. Glenys akachuchumaa mbele yake. Merv akasimama nyuma ya mkewe, mahali pale pale pa siku zote.

"Tuko wapi, Brodie?"

"Nyumbani, mama."

"Wiki jana tulicheza na nani?"

Brodie akainua macho polepole, yakapita bega la Glenys, yakatua kwa Merv.

Merv akafungua mdomo, maana mazoea yana nguvu. Hakikutoka kitu. Alitafuta. Akaona upepo, akaona pai ya nyama mkononi mwake, akaona jezi, lakini jezi hazikuwa na rangi. Jina halikuwepo, hata herufi yake ya kwanza. Aliogopa vile ambavyo hajawahi kuogopa mtu wala goti wala mfupa uliovunjika. Na Brodie alikuwa bado anamtazama, akingoja. Merv akajiona mwenyewe pale alipoketi Brodie, kijana, damu puani.

Mlango ulikuwa karibu; angeweza kutoka. Angeweza pia kumtajia timu yoyote.

"Mtoe," alisema kwa sauti. "Asirudi."

Glenys akageuka. "Nani kakuuliza wewe?" Kisha akaona alipokuwa amesimama, akaona na uso wake, umepotea kama wa Brodie.

"Kumbe ndivyo mnavyonifanyia," alisema. Hakuwa na hasira. Akainuka, akamshika Merv mikono yote miwili, akaikuta ya baridi. "Haya, niambie wewe, mume wangu. Wiki jana tulicheza na nani?"

Merv akainua macho juu ya bega la mkewe, akitafuta mtu wa kumtajia. Kule nyuma alikuwepo Brodie, mdomo wazi, bado anamsubiri yeye.