Sukari ya Kiti Kitupu

Inatangazwa kwa heshima, taadhima na machozi ya kukodi: Lalla Tuda, mpambaji wa maharusi wa Midelt, mwanamke aliyewaketisha nusu ya wanawali wa milima ya Atlas kwenye kiti cha fahari bila yeye mwenyewe kukikalia hata mara moja, anastaafu. Harusi ya Erfoud ndiyo ya mwisho. Baada ya hapo anahamia kwa dadake Casablanca, akalee wajukuu wa watu na kisukari chake mwenyewe.

Tangazo hilo lilimfika Bassu, dereva wake, kama habari ya msiba. Miaka nenda miaka rudi amembebea masanduku yake ya kaftani, na muda wote huo alitaka kumposa, ila kila akifungua kinywa hutoka maneno kuhusu matairi. Sasa alibakiwa na barabara moja tu, Midelt mpaka Erfoud. Asiposema njiani, basi tena.

Juu ya paa la gari walikifunga kile kiti cha kumbebea bibi harusi mabegani, chenye kuba, vioo na pazia jeupe. Tuda ana sharti lake: kiti hicho hakisafiri kitupu. Ndani huweka koni ya sukari katika karatasi yake ya buluu, ile ile sukari ambayo kwetu mwanamume huipeleka akienda kuposa. Mamake alimwonya kwamba kiti kitupu huita mtu wa kukikalia, na barabarani hujui nani ataitika.

Waliposimama kunywa chai, Bassu aliipika tamu kupita kiasi. Alikuwa akitafuta ujasiri. Sukari aliitoa wapi? Juu ya paa.

Ujasiri haukuja, kwa hiyo akakata kona akaingia barabara ya zamani, ile inayozunguka bwawa. Ni ndefu zaidi.

"We Bassu, mbona huku?"

"Mandhari, Lalla."

"Mandhari gani na vumbi hili? Hata pua yangu siioni, nayo si haba."

Kweli vumbi lilikuwa limetanda, mchana umekuwa rangi ya manjano ya bizari. Kisha upepo ukakatika ghafla, kama mtu aliyefunga mlango. Injini ilinguruma lakini mngurumo wake ulisikika mbali, kama wa gari la watu wengine. Kando ya barabara, huku na huku, walisimama watu.

Wamevaa nguo nyeupe za sherehe, na pindo zao zilikuwa zimelowa. Bibi mmoja aliyejikunja alinyoosha bakuli la maziwa na sahani ya tende, kama anavyopokewa bibi harusi. Wanawake walipiga vigelegele: ndimi zinacheza, vinywa wazi. Sauti haikutoka.

"Wameona kiti, wakadhani mimi ndiye bibi harusi," Tuda alinong'ona.

"Kataa basi."

"Maziwa ya harusi hayakataliwi, punda wee."

Akala tende moja, akanywa maziwa, akampa Bassu naye akanywa. Yalikuwa baridi kama maji ya chini kabisa ya kisima. Wazee wakainua viganja wakasoma Fatiha kwa midomo mitupu. Bassu peke yake ndiye aliyesikika akisema "Amina", na sauti ikamrudia kama aliyeongea ndani ya pipa. Akakanyaga mafuta. Kwenye kioo cha nyuma aliona barabara tu, na nyayo za maji zikikauka.

Kwenye kituo cha mafuta waliulizia kijiji kile, na muuzaji akawatazama kwa huruma.

"Kijiji? Kule kuna bwawa tu, mama. Walio hai walihamishwa. Waliozikwa hawakuulizwa."

Tuda akafungua kiganja. Kokwa ya tende ilikuwapo, imeota ukungu wa kijani.

"Bassu. Sukari yangu iko kitini?"

"Tuliinywa."

"Tuliinywa?"

"Na wewe ulisema chai ya leo imekolea!"

"Panda ukaangalie kiti changu. Panda!"

Akapanda, akafungua pazia. Mto wa kiti ulikuwa umelowa na umebonyea, kana kwamba mtu ameinuka hivi punde. Kwenye kibonyeo hicho kulikuwa na koni ya sukari, karatasi yake ya buluu imepauka, inanuka tope.

Alishuka nayo, na kwa mara ya kwanza hakutaja matairi.

"Lalla Tuda, maziwa tumekunywa. Fatiha imesomwa, kijiji kizima kimeshuhudia, na sukari ya posa hii hapa. Usiende Casablanca. Nakutaka. Wewe je, wanitaka?"

Tuda aliipokea, akaibonyeza kwa kidole gumba. Maji yakamchuruzikia viatuni.

"Imeloa," alisema. "Kanunue nyingine."