Nilimlilia Mtakatifu

Kila nikisikia mjane kijana akisema bwana wake hakuwahi hata kukunja uso, mwanangu, nakumbuka siku tuliyoondoa kilio cha bwana wangu, nyumbani kwetu kule Kenya, mtaa wa mji wetu, siyo ile nchi, mwaka mmoja baada ya kumzika.

Alikuwa dereva wa treni, njia ya kwenda Sakania, mpakani. Mwaka ule mzima nilimsifu kwa kila mgeni: mpole, hapandishi sauti, anakula chochote ninachompikia. Nikamsifu mpaka sauti yake ikanipotea. Nikifumba macho nimtafute, naona ile picha ya ukutani tu, amevaa tai ya kuazima. Hilo liliniogopesha kuliko msiba wenyewe, na sikumwambia mtu.

Sasa, unajua kwetu wajukuu wana ruhusa ya kumtania marehemu, na hakuna wa kuwakataza. Béa, mjukuu wa dada yake mkubwa, msichana asiye na haya hata kidogo, akavaa koti la kazi la bwana wangu, akaingia sebuleni akikokota mguu, akapiga meza.

"Miye natoka ku Sakania, njala inaniuma, na munanipa bukari ya baridi? Non, vraiment!"

Watu wakaangua kicheko. Mimi nikainuka kwa hasira nimvue lile koti. Mama mkwe wangu, ambaye hajawahi kunikaripia, akanishika kitenge.

"Ikala, Mama Sifa. Ule unalilia iko mutakatifu. Miye nilizala muntu."

Nikakaa. Béa akaendelea kuilalamikia bukari, ugali wetu ule, na ghafla nikamsikia bwana wangu mwenyewe, na nikakumbuka jinsi baada ya kelele zote zile alivyomaliza sahani na kuomba nyingine. Nikacheka huku machozi yakinitoka. Huyo ndiye niliyempenda, na nilikuwa karibu kumpoteza mara ya pili.

Miaka mingi imepita. Siku hizi ugomvi wetu wa bukari unanichekesha peke yangu jikoni, na moyo wangu umetulia.

Basi mwanangu, ukifiwa, au hata ukiachwa, usimsafishe mtu wako mpaka akose sura. Miaka itamlainisha yenyewe, wala haihitaji msaada wako. Waache watu wamtaje na kasoro zake, nawe ucheke nao. Mungu akutunzie ulio nao, wakupigie kelele mezani mpaka uzeeni. Na aliyetangulia akurudie kama alivyokuwa.