SMG ya Ndizi Mzuzu

Jumamosi iliyopita nilikwenda soko la Pickering, nje kidogo ya Toronto, kutafuta kabati la mitumba, nikarudi bila kabati. Wa kulaumiwa ni mzee mmoja wa Kizungu aliyepanga mezani vitu vya kijeshi: kofia za chuma, mikanda yenye nyota, na katikati bunduki, SMG ya Mrusi ya mbao, ile ya kufundishia, inafunguka vipande vipande. Akaona ninavyoikodolea macho, akanichokoza kwamba hicho si kitu cha kuchezea. Sasa rafiki yangu, mimi unanijua. Nikafumba macho, nikaifungua yote, nikaifunga. Watu wakajaa. Yule mzee akaniuliza nimetumikia jeshi gani.

Jibu nililompa nitakuambia. Kwanza turudi Crescent Town, yale maghorofa ya Toronto.

Nilitua pale nimemaliza la tano. Kiingereza changu kilikuwa cha kumsalimia mwalimu asubuhi. Mchana sikuwa nacho. Mama alitoka kazini kwenda kazini, nyumbani tukabaki mimi na babu, baba yake mama, askari mstaafu aliyeletwa apumzike. Kupumzika kukamshinda. Theluji ilipoanza akawa anakaa dirishani, koti juu ya koti, chakula anakionja tu, maneno hana. Mwenyewe akaomba arudishwe. Mama akaamua Pasaka ikifika babu arudi Tabora, maana huku anamkaukia machoni. Mimi nikaona nimekwisha. Toronto nzima babu ndiye aliyekuwa anacheka vichekesho vyangu.

Lakini nilijua dawa yake. Ukikosea jambo la jeshi mbele yake, anafufuka. Siku moja nikamwambia kwa sauti ya upole kabisa kwamba SMG na gobore si ni kitu kimoja tu. Mzee akavua koti moja. Akavua la pili. Akaniita kuruta, akaniamuru nisimame wima, akaingia jikoni.

Alitoka na silaha. Kitako kilikuwa mbuzi ya kukunia nazi. Mtutu, mti wa kusukumia chapati. Boliti ilikuwa chupa ya pilipili, bomba la gesi lilikuwa tochi, kifuniko cha juu kasha la miwani yake, na springi tuliing'oa kwenye godoro bovu lililotupwa basimenti, chini kabisa ya jengo. Magazini, ile iliyopinda, ikawa ndizi mzuzu, na kwa kweli kiwandani kwenyewe wasingepata inayofanana zaidi.

Basi kila Jumamosi vitu vinatandazwa mkekani. Babu ananifunga macho kwa kitenge cha mama, napapasa: magazini kwanza, kifuniko, springi, boliti, bomba. Halafu kurudisha kinyumenyume. Ukimaliza unasimama, unachapa mguu chini, unasema, "Tayari, afande." Kisha magazini inamenywa, inakaangwa, tunaila ikiwa moto, nyumba nzima inanukia utamu. Hebu niambie ni jeshi gani lingine linakula magazini.

Kitu kimoja tu kilimkera babu: hatukuwa na fimbo ya kusafishia mtutu, ile inayolala chini yake. Mama alikuwa na mashine ya kufyonza vumbi, fagio la mpini hatuna. Babu akawa analalamika kwamba bunduki bila fimbo ni bunduki ya jambazi.

Sasa, chini yetu aliishi Mrusi. Mzee mrefu kama mlango wa lifti, hasalimii mtu. Kila tukichapa mguu, naye anagonga dari lake kwa fagio, gu gu gu, mpaka vikombe vyetu vinatetemeka. Babu akalichukua kama tusi. Mtu mzima kugongewa miguuni kama panya? Koti likarudi mwilini, akaanza tena kuulizia tiketi.

Jumamosi moja akagonga, babu akapandwa na hasira, akachapa mguu mara ya pili kwa makusudi. Safari hii fagio halikujibu. Kisha mlango ukagongwa.

Nikafungua. Mrusi na ndara zake, uso mwekundu, fagio mkononi. Akaanza kufoka. Kiingereza chake kilikuwa kibovu kama changu, kwa hiyo nilimwelewa kila neno. Katikati ya kufoka akaona mkeka. Akaingia bila kukaribishwa, akapiga goti likalia, akapitisha kidole juu ya kila kipande: ndizi, kasha la miwani, springi, chupa. Alipofika chini ya mti wa chapati kidole kikasimama. Akakunja uso, akamtazama babu kama mwalimu aliyekuta hesabu haijakamilika. Halafu akachomoa mpini wa fagio lake, akaulaza pale pale fimbo inapokaa.

Babu akavuta pumzi. "Huyu ni mtu wetu," akasema, akachapa mguu, akapiga saluti. Mrusi naye akachapa, ndara ikaruka mpaka chini ya kochi. Hakuna aliyegonga. Mgongaji alikuwa kwetu.

Baada ya hapo Jumamosi zilikuwa na askari watatu. Mrusi anakuja na mkate mweusi na matango ya chumvi, wazee hawana lugha moja, wanaongea kwa mikono. Alituonyesha bunduki ya baba yake, ndefu kunizidi mimi, unavuta boliti kila risasi. Ya mjomba wake ilikuwa na magazini ya duara, babu akakimbilia kifuniko cha sufuria. Bunduki ya SAR, nayo ya Kirusi, waliitambua wote, wakapigana mabega kama waliosoma darasa moja. Jina la SMG ndilo lililoleta ugomvi: Mrusi anaiita vingine, babu anasema Warusi walioiunda hawajui walichounda.

Na siku waliposhindana wote wawili kwa vitenge machoni, niliwashinda mimi. Walinibeba mpaka kwenye lifti na kunirudisha.

Pasaka ilipofika mama akauliza tiketi aikate lini. Babu hakuinua hata macho kutoka mkekani. "Jumamosi nina zamu," akasema.

Hakurudi Tabora tena, mpaka alipofariki. Amelala huko huko Pickering, kwa kutaka mwenyewe. Mrusi alichukuliwa na binti yake akaishi mbali, na ile nyumba yetu siku hizi ina zulia. Chapa mguu utakavyo, huko chini hawasikii. Mpini wa fagio ninao.

Kwa hiyo yule mzee wa mezani aliponiuliza, nilisimama wima katikati ya watu, nikachapa mguu mpaka kofia zake zikalia.

"Crescent Town," nikamwambia, "ghorofa ya nane. Zamu ya Jumamosi."

Nikaenda kutafuta ndizi mzuzu.